Muungwana ni Kitendo, si Kriketi

Waingereza wana msemo wao. Mtu akitenda jambo la hila au la uonevu, husema kwamba jambo hilo "si kriketi". Maana yake ni kuwa si haki wala si adabu, na mtu mwenye heshima zake hawezi kulitenda. Sisi hapa pwani tuna bao lenye sheria zake, na tuna mashindano ya mashua yenye miiko yake, lakini sijapata kumsikia mzee akimkemea mjukuu wake kwa kumwambia kuwa alichotenda "si bao". Mchezo kwetu ni mchezo. Adabu ina chuo chake.

Kwa Waingereza mambo yalikuwa mengine. Kwa muda wa zaidi ya miaka mia moja waliamini, na wakawaaminisha na watu waliowatawala, ya kwamba mvulana akipewa gongo la kriketi, akavishwa nguo nyeupe na kupelekwa kushindana na wavulana wa shule nyingine, basi atarudi jioni akiwa muungwana. Ati uwanja ndio unaomtengeneza. Mpaka leo wapo miongoni mwetu wazazi na walimu wanaoisadiki imani hiyo, nao huitafuta shule "yenye kriketi" kama mtu atafutaye hirizi.

Mimi siisadiki. Wala sisemi hivi kwa kuuchukia mchezo wenyewe, maana ni mchezo mzuri, wenye subira na hesabu ndani yake. Nasema hivi kwa sababu nimeifuatia historia ya mechi za mwanzo baina ya shule za Uingereza, na historia hiyo haisimulii kile tunachosimuliwa. Inasimulia habari za watoto walioanza jambo lao wenyewe bila idhini ya mtu, wakachapwa kwa ajili yake. Kisha wakubwa wakaliteka, wakalipaka chokaa, wakaliita uungwana. Ndugu msomaji, niandamie tuyatazame mambo hayo moja baada ya jingine, kisha uamue mwenyewe.

KIWANJA

Habari ya kale kabisa ya kriketi ambayo hakuna aliyeitilia shaka imetoka mahakamani, katika kesi ya ardhi. Kesi kama hizo sisi watu wa mwambao tunazijua barabara. Katika mji wa Guildford, kusini mwa Uingereza, palikuwa na kipande cha ardhi kilichokuwa kikigombaniwa. Mwanzoni mwa mwaka 1598 aliitwa mzee mmoja, John Derrick, mwenye umri wa miaka kama 59, aje atoe ushahidi. Akasema kuwa anakijua kiwanja hicho tangu utotoni, kwani alipokuwa mwanafunzi wa shule ya Guildford yeye na wenzake walikuwa wakikimbia hapo na kucheza kriketi. Ukipiga hesabu utaona anazungumzia wakati wa kama 1550.

Lizingatie jambo hilo. Mchezo ambao baadaye ulikuja kuwa fahari ya dola kubwa uliingia katika maandishi kwa sababu mzee mmoja alikumbuka alivyocheza alipokuwa mtoto wa shule. Hakutajwa mwalimu aliyewafundisha, wala hakutajwa bwana mkubwa aliyewapa kiwanja. Palikuwa na mahali patupu, na watoto, na mpira.

Miaka ikapita. Katika karne ya 18 kriketi ilikuwa tayari imeshika mizizi katika zile shule kubwa za mabweni: Eton, Westminster, Winchester, Harrow, Charterhouse. Kwa Kiingereza shule hizo huitwa "za umma", jina ambalo humpotosha mgeni, maana umma wenyewe huzipita kwa nje tu. Ndani husomeshwa watoto wa wenye mali na vyeo. Horace Walpole, mwandishi na mtoto wa Waziri Mkuu, aliyesoma Eton, aliandika barua mwaka 1736 akiitaja mechi ya kriketi pamoja na kwenda kupigana na watu wa mashua mtoni, kuwa ndiyo mambo wanayoyakumbuka wavulana wa shule. Yeye mwenyewe hakusikitika kuyakosa. Kwa hiyo, machoni mwa kijana yule mpole, kriketi na ugomvi wa mtoni vilikuwa ndugu wa baba mmoja. Uungwana haukutajwa.

VIBOKO

Shule moja kupambana na nyingine ni jambo lililochelewa. Mechi ya kwanza inayotajwa ni ya Charterhouse na Westminster mwaka 1794. Lakini mechi inayofaa kukumbukwa zaidi ni ile ya 1796, Eton na Westminster, iliyochezwa Hounslow Heath, magharibi ya London. Hounslow Heath wakati ule lilikuwa pori tupu, maarufu kwa wanyang'anyi waliokuwa wakiwavamia wasafiri.

Mwalimu mkuu wa Eton, Dakta George Heath, alikuwa amekataza mechi hiyo isichezwe. Wavulana wakaenda. Wakacheza, wakashindwa kwa mikimbio 66, wakarudi shuleni wakiwa wamechoka na wamefedheheka. Hapo wakamkuta Dakta Heath anawangoja na fimbo zake. Akawachapa timu nzima.

Basi tazama. Mechi ambayo leo huhesabiwa miongoni mwa chimbuko la michezo yote ya shule za Kiingereza, chimbuko la zile sifa za utii na nidhamu tunazohubiriwa, ilikuwa ni kosa la utovu wa nidhamu na ikaadhibiwa hivyo. Aliyetaka kuwafundisha watoto wale adabu alitumia kiboko kuwazuia wasicheze. Baada ya miaka sitini au sabini, wenzake wa kiti kilekile watakuwa wakimtazama kwa jicho baya mvulana asiyetaka kucheza.

Miaka tisa baada ya viboko vile, tarehe 2 Agosti 1805, ilichezwa mechi ya kwanza ya Eton na Harrow ambayo hesabu zake zimebaki. Mahali palikuwa uwanja wa kwanza wa Thomas Lord jijini London, alioufungua 1787 pale panapoitwa leo Dorset Square. Uwanja wa Lord's tunaousikia hivi sasa ni wa tatu, na ulianza 1814. Hii nayo haikuwa mipango ya walimu. Wavulana walialikana wenyewe kwa wenyewe.

Harrow walipiga mara mbili, wakapata 55 na kisha 65, jumla 120. Eton walipiga mara moja tu wakapata 122, wakawa wamekwisha shinda. Katika timu ya Harrow alikuwamo kijana wa miaka 17 aliyekuja kujulikana duniani kote kwa ushairi, Lord Byron. Alizaliwa na kilema cha mguu, na inasimuliwa kuwa mwenzake ndiye aliyekuwa akimkimbilia kila alipopiga mpira. Kepteni wake mwenyewe alisema baadaye kuwa lau angesikilizwa yeye, Byron asingekuwamo timuni.

Siku mbili baada ya mechi Byron alimwandikia rafiki yake barua, akajisifu kwamba alipata mikimbio 11 mara ya kwanza na 7 mara ya pili. Hesabu zilizohifadhiwa zinasema 7 mara ya kwanza, na 2 mara ya pili. Sisi tulio na washairi wengi mitaani hatuwezi kushangaa. Mshairi akiachiwa kalamu, chumvi haimpungukii. Katika barua hiyohiyo alieleza kuwa baada ya mechi timu zote mbili zilikula pamoja, zikalewa, kisha zikaenda kwenye jumba la michezo ya kuigiza la Haymarket na kufanya ghasia huko. Hiyo ndiyo siku ambayo vizazi vya baadaye vilikuja kuisimulia kama siku ya kuzaliwa kwa kriketi ya waungwana.

Simwandiki Byron kwa kumcheka. Kijana mwenye mguu mbovu aliyejitosa uwanjani mbele ya watu ana ushujaa wake, na huo mimi nauheshimu. Ninachosema ni kwamba ushujaa ule alikwenda nao uwanjani. Hakuupewa na uwanja.

DAFTARI

Sasa nifike kwenye jambo ambalo nawasifu Waingereza bila ya kinyongo. Mwaka 1825 Winchester na Harrow walikutana Lord's kwa mara ya kwanza. Kepteni wa Harrow alikuwa Charles Wordsworth, mtoto wa ndugu yake mshairi William Wordsworth. Upande wa Winchester alikuwapo mdogo wake, Christopher. Na katika timu ya Harrow alikuwamo pia Henry Manning. Wawili wa kwanza walikuja kuwa maaskofu wa Kianglikana, na wa tatu akawa Kadinali wa Kanisa Katoliki. Huyo Charles alipofika Oxford ndiye aliyeanzisha mechi ya Oxford na Cambridge mwaka 1827, naye alikuwa bado mwanafunzi.

Usiku uliofuata mechi hiyo ya Winchester na Harrow, moto uliwaka katika jengo la Lord's, likateketea lote. Madaftari ya hesabu, kumbukumbu za mechi za tangu mwanzo, vitu vyote vya klabu ya MCC vikawa majivu. Kwa usiku mmoja miaka kama arobaini ya mchezo ikafutika.

Siku chache tu baada ya moto huo, mwezi Agosti mwaka huohuo wa 1825, alizaliwa mtoto aitwaye Arthur Haygarth. Alikuja kusoma Harrow, akaichezea shule yake, na alipokuwa mtu mzima akajitwika kazi ambayo hakutumwa na mtu. Alitafuta hesabu za mechi popote zilipokuwa: katika magazeti ya zamani, katika madaftari ya klabu za vijijini, kwa wazee waliokuwa bado hai. Kuanzia 1862 kazi yake ilianza kuchapishwa, kitabu baada ya kitabu, hadi vikafika 14 katika uhai wake, na cha 15 kikatoka baada ya kufa kwake. Alifanya kazi hiyo kwa muda wa karibu miaka sitini. Mengi tunayoyajua leo kuhusu mechi za mwanzo tunayajua kwa sababu ya mtu huyu mmoja mwenye subira.

Huyo ndiye ninayemwita muungwana wa kriketi. Hakuwa mpigaji wa kutisha. Alifanya kitendo, basi.

CHOKAA

Na uungwana wenyewe uliingia lini katika michezo hii? Uliingia walimu walipogundua faida yake. Mwaka 1851 wanafunzi wa shule ya Marlborough waliasi. Walianza kwa kulipua fataki, wakavunja vioo, wakaitia shule katika fujo ya siku kadhaa. Mwaka uliofuata akaletwa mwalimu mkuu mpya, George Cotton, kutoka Rugby. Cotton aliona kuwa wavulana wakiwa hawana la kufanya mchana kutwa huzurura mashambani, huwinda wanyama wa watu na kugombana na majirani. Mwaka 1853 akawaandikia wazazi waraka akiwataka waunge mkono michezo iliyopangwa, watoto wawe uwanjani chini ya macho ya shule. Mwaka 1855 Marlborough na Rugby wakapambana Lord's.

Ni shauri la busara, sikatai. Lakini tuliite kwa jina lake. Hilo ni boma la kuwazuilia watoto wasizurure. Baadaye ndipo lilipotiwa nakshi. Mwaka 1857 Thomas Hughes, aliyekuwa kepteni wa Rugby katika mechi yao na MCC mwaka 1841, alitoa riwaya yake kuhusu maisha ya mvulana Tom Brown shuleni hapo, na karibu na mwisho wake akaweka mechi ya kriketi yenye mazungumzo juu ya nidhamu na kutegemeana. Riwaya hiyo ilisomwa kila mahali. Watu wakadhani kuwa Dakta Thomas Arnold, mwalimu mkuu maarufu wa Rugby, ndiye aliyeifanya michezo kuwa somo la tabia. Arnold mwenyewe alishughulika zaidi na dini na masomo kuliko mipira.

Na lile neno linalotajwa sana, kwamba vita vya Waterloo vilishindwa katika viwanja vya michezo vya Eton? Huwa anasingiziwa Duke wa Wellington. Wellington alifariki 1852. Neno hilo lilianza kuonekana katika maandishi miaka mitatu minne baada ya kifo chake, katika kitabu cha Mfaransa, Montalembert. Isitoshe, Wellington alikuwa Eton kuanzia 1781 hadi 1784, akaondoka bila ya sifa yoyote ya michezo. Maiti hajibu; ndiyo maana ni rahisi kumtilia maneno kinywani.

BARUA MBILI

Wahenga wetu walisema: ada ya mja hunena, muungwana ni kitendo. Na sisi wa pwani tunajua jinsi neno hili "uungwana" lilivyo na pande mbili. Upo uungwana wa nasaba, ambao zamani ulimtenga aliyezaliwa huru na aliyezaliwa utumwani, na upo uungwana wa mwenendo. Wa kwanza ulileta machungu mengi katika miji yetu, na athari zake hazijaisha zote. Wa pili ndio wahenga walioutolea methali.

Shule za Kiingereza nazo zilikuwa na pande hizo mbili, na siku moja pande hizo ziligongana katika barua mbili fupi. Mwaka 1866 kepteni wa kriketi wa shule ya Shrewsbury alimwandikia kepteni wa Westminster kumwomba mechi. Shrewsbury si shule ya juzi. Ilianzishwa 1552, na mwanachuoni Charles Darwin alisoma hapo. Jibu la Westminster lilikuwa kwamba wanasikitika, lakini wao hawachezi na shule yoyote isipokuwa zile kubwa zinazotambuliwa, na wakampelekea orodha ya majina sita: Charterhouse, Eton, Harrow, Rugby, Westminster na Winchester. Shrewsbury haimo.

Yule kijana wa Shrewsbury hakunyamaza. Aliandika kwamba anasikitika kuona kepteni wa Westminster bado hajajifunza somo la kwanza la elimu ya shule kama hizo, yaani mwenendo ambao muungwana anawiwa na muungwana mwenzake.

Mimi nathubutu kusema kuwa katika historia nzima ya mechi za shule za Uingereza hakuna mpira uliopigwa vizuri kuliko jibu hilo. Na mechi yenyewe haikuchezwa! Miaka miwili baadaye, 1868, Bunge la Uingereza lilipitisha sheria ya kusimamia shule hizo kubwa, ikazitaja saba kwa majina. Ya saba ilikuwa Shrewsbury.

Lakini ule ugonjwa wa kubaguana haukupona kwa sheria. Kriketi ya Uingereza ilikuwa na mechi iliyoitwa kwa jina lake kabisa, Waungwana dhidi ya Wachezaji, iliyoanza 1806. Waungwana walikuwa wale wasiolipwa, wengi wao wametoka katika shule hizo. Wachezaji walikuwa wale wanaotafuta riziki kwa jasho lao. Wote walicheza kwa gongo lile lile na mpira ule ule, lakini viwanja vingi viliwatenga hata vyumba vya kuvalia na malango ya kuingilia. Mpango huo haukuondolewa hadi 1962. Je, hapo uwanja ulimfundisha nani uungwana?

MWAMBAO

Mtu ataniuliza, haya yatuhusu nini sisi? Yatuhusu. Sir Arthur Hardinge, aliyetia sahihi mkataba wa Desemba 1895 na Sultani Hamid bin Thuwaini juu ya utawala wa mwambao wetu, alikuwa mtoto wa Eton. Na miaka mingi baadaye, mtu aliyekuwa akisimamia uteuzi wa maofisa wa kupelekwa makoloni, Sir Ralph Furse, aliyestaafu 1948, alikuwa naye mtoto wa Eton. Hakuwafanyisha mtihani. Alitegemea mahojiano na barua za sifa, na aliyekuwa kiranja au kepteni shuleni alikuwa na nafasi nzuri. Kwa hiyo wengi wa waliokuja kutuamulia kesi zetu za mashamba walichaguliwa kwa imani ileile kwamba uwanja umekwisha watengeneza.

Na watu haohao waliosema "si kriketi" ndio waliosimamia elimu iliyogawanywa kwa rangi, shule za Wazungu mbali, za Wahindi mbali, za Waarabu mbali, za Waafrika mbali. Watoto wa mtaa mmoja wa Mombasa walitengana asubuhi kwenda kusoma. Westminster waliwakataa Shrewsbury kwa barua. Huku hata barua haikuhitajika.

Hata hivyo mchezo wenyewe ulikataa kufungiwa. Katika chuo cha Waislamu cha Aligarh, kilichoanzishwa Bara Hindi mwaka 1875, vijana waliucheza kwa bidii kubwa. Mwaka 1912 timu ya Waislamu iliingia katika mashindano makubwa ya Bombay pamoja na Wazungu, Waparsi na Wahindu. Hawa hawakuwa wamezaliwa karibu na Hounslow Heath wala kusoma Eton. Walishika gongo, wakapiga.

LEO

Wapo watakaosema kuwa haya ni ya kale, yamepita. Hayakupita. Mwaka 2022 klabu ya MCC ilitangaza kuwa mechi ya Eton na Harrow haitachezwa tena Lord's kila mwaka, ili vijana wengine nao wapate nafasi ya kukanyaga nyasi zile. Wanachama wengi wakapinga vikali, na klabu ikarudi nyuma ikasema mechi itabaki hadi angalau 2027. Juni 2023 tume huru iliyoongozwa na Bi. Cindy Butts ilitoa ripoti yake juu ya kriketi ya Uingereza. Ilikuta ubaguzi wa rangi, wa tabaka na wa jinsia umeenea, ikashauri mechi hiyo iondoke Lord's na mahali pake pachukuliwe na fainali za vijana wa shule za serikali.

Na Novemba 2021 Azeem Rafiq, Mwislamu mzaliwa wa Pakistan aliyekuwa mchezaji wa Yorkshire, alikaa mbele ya kamati ya Bunge la Uingereza akaeleza aliyoyapata. Alisema kuwa alipokuwa na miaka 15 katika klabu yake ya mtaani alishikwa kwa nguvu akamiminiwa divai kinywani. Mtoto wa Kiislamu, mikononi mwa watu wa kriketi! Kama uwanja peke yake ungekuwa unafunza uungwana, watu wale wangekuwa wamekwisha funzika zamani.

Haki inanitaka nitaje na upande wa pili. Mchezo humzoeza mtoto kukubali uamuzi wa refa hata kama umemuuma, kungoja zamu yake, na kumpa mkono aliyemshinda. Hayo ni mema na nayakubali. Lakini mema hayo yamo katika kila mchezo wenye sheria, uwe wa Lord's au wa kwenye mchanga wa pwani, na mtoto huyapata akiwa na mkubwa wa kumwonyesha. Asipokuwa na huyo, atajifunza uwanjani yale aliyokwenda nayo.

Kwa hiyo ushauri wangu kwa wazazi wa mwambao ni mwepesi. Usimpeleke mtoto shule kwa sababu ya jina la mchezo wake ukidhani umemnunulia tabia. Na kwa walimu wa michezo nasema, wapo miongoni mwenu ninaowajua ambao huchagua shule za kucheza nazo kwa kutazama ada inayotozwa huko. Shule ya kijijini ikiomba mechi, barua yake haijibiwi. Hiyo ni barua ya Westminster iliyoandikwa upya, tena bila ya adabu ya kujibu. Wachukueni vijana wenu mkacheze na wale wasio na viatu. Wakifungwa huko, hilo nalo ni somo.

Na wewe kijana uliye na daftari, andika. Andika nani alishinda mashindano ya mashua Lamu mwaka huu, na nani alikuwa nahodha, na upepo ulivuma wapi. Waulize wazee waliocheza miaka ya nyuma, uyaandike na yao kabla hawajaondoka nayo. Haygarth hakungoja kuteuliwa na mtu, nawe usingoje.